Mimi Si Kosa la Chapa

Kiwandani
Tarehe 4 Machi

Mdogo wangu,

Barua huanza na salamu, lakini zangu zimenikaukia mdomoni, kwa hiyo tuingie moja kwa moja.

Labda hata kazi yangu huijui, maana katika simu zetu mbili za kila mwaka huwa tunajuliana hali na kuagana. Ninajalidi vitabu. Karatasi kubwa zinatoka mashineni zimechapwa kurasa kumi na sita, nane kila upande, nami ninazikunja, ninazipanga na kuzishona, kisha zinakwenda kwenye gundi na jalada. Huu ni mwaka wa kumi na tisa. Hapa wananiita Mama Sindano. Huwa sisomi ninachokikunja, kwa sababu ukisoma utakunja upande.

Jana zililetwa karatasi za kitabu cha wanawake wa kliniki yenu, wale wanaokutana Jumamosi kuandika maisha yao. Sikujua kwamba wewe ni mmoja wao. Nilipofika karatasi ya tatu, jicho likatua hapa: "Dada yangu alikuwa na haraka ya kumfuata mwanamume wake hata hakungoja nywele ziishe. Aliondoka kasukwa upande mmoja, upande wa pili umesimama kama ufagio."

Nikaacha kukunja. Jina halipo, lakini ni wasichana wangapi waliotoka kwao na nusu kichwa?

Nikasoma kurasa zako zote tisa nikiwa nimesimama. Eti nilitoroka. Eti nilimvunja moyo baba yako, aliyenilea "kama wake wa kumzaa". Eti hata alipokufa sikuja kuzika kwa sababu ya kiburi. Na umeandika vizuri, nikwambie ukweli, ndiyo maana damu inanichemka zaidi. Uongo ulioandikwa ovyo mtu anautupa. Huu wako utasomwa.

Rundo la karatasi hiyo nimelikalia. Sisemi kwa mafumbo: nimetandika koti juu yake na nimekaa. Msimamizi ameniuliza, nikamwambia mgongo unauma. Ungekuwa peke yako kwenye karatasi ile, ningeshaipeleka kwenye mashine ya kukatia. Lakini kurasa saba zinazofuata ni za mwenzako, muuza mboga, anayesimulia jinsi alivyojifunza kulala bila kisu chini ya mto. Siwezi kukuchana wewe nisimchane na yeye.

Usinipigie simu. Kwenye simu utalia, nami nitaanza kukubembeleza kama kawaida yetu. Andika. Mpe dereva wetu anayeleta fomu za kliniki kila Alhamisi.

Dada yako,
Mama Sindano


Kliniki
Tarehe 11 Machi

Dada, shikamoo.

Wewe umeziacha salamu, mimi siziachi. Ndivyo nilivyolelewa, na aliyenilea hivyo ni huyohuyo unayemwita "baba yako" kana kwamba unataja ugonjwa. Ndiyo, ni baba yangu. Wako alikufa, naye akakuta nafasi, akaijaza. Kosa lake ni lipi?

Nilikuwa na miaka minane. Nilirudi kutoka shuleni nikakuta kitanda chako hakina shuka. Nikauliza, Mama akasema, "Dada yako amepata mtu wake." Basi. Miaka ishirini na sita nimeishi na sentensi hiyo moja, halafu leo unanikalia juu ya karatasi kwa sababu nimeiandika? Ulitaka niandike nini, na wewe hukuniachia hata kikaratasi?

Kurasa zile zimenichukua miezi mitano. Mshauri wa kikundi alituambia tuanze na panapouma. Mimi panaponiuma ni wewe. Nilikuwa nakaa mlangoni kila jioni nangoja urudi, mpaka Baba anakuja kuninyanyua. Yeye ndiye aliyenibeba mgongoni kwenda hospitali nilipoungua na homa. Yeye ndiye aliyejifunza kunipigia pasi sare za shule. Ukitajwa wewe, ananyamaza anainamisha kichwa, nami nilikuwa namwonea huruma kweli.

Nilidekezwa, nakiri, na hilo pia nimeliandika, ukurasa wa thelathini na nane. Nimelala kitanda kimoja na Mama mpaka namaliza sekondari. Baba alihamia kwenye kochi la sebuleni na hakulalamika hata siku moja. Sasa mtu wa namna hiyo unataka nimpake matope?

Kama kuna mahali nimekosea, sema. Katibu wetu anasema vitabu huwa vinawekewa kijikaratasi cha masahihisho. Andika sentensi mbili, tutakibandika mwanzoni, yaishe. Kitabu kinatakiwa mwanzoni mwa Mei. Wanawake ishirini na wawili wanangoja. Tafadhali ondoka juu ya karatasi zetu.

Mdogo wako,
Nesi


Kiwandani
Tarehe 18 Machi

Mdogo wangu,

Kijikaratasi cha masahihisho mimi nimekibandika maelfu kwa maelfu. Kinasema: ukurasa wa kumi na mbili, badala ya mita, soma maili. Mimi si kosa la chapa. Hunitoi kwa gundi na sentensi mbili.

Umetaka niseme. Kaa chini, na kama kuna mgonjwa anakungoja, mhudumie kwanza.

Nilikuwa nimemaliza shule, niko nyumbani. Wewe uko darasani, Mama yuko zamu. Mume wa Mama akaanza kurudi mapema alasiri. Anaingia chumbani kwetu, eti anaangalia kama dirisha limefungwa. Dirisha lile, mdogo wangu, lilikuwa limepigwa misumari tangu hatujahamia. Mara ya kwanza aliligusa dirisha. Mara ya pili hakuligusa.

Sitakuandikia yaliyofuata. Wewe ni nesi, kila wiki unafunga mlango unawauliza wasichana maswali hayo kwa sauti ya taratibu. Jiulize na wewe.

Siku niliyoondoka, Mama alikuwa na mapumziko, ananisuka pale kwenye ngazi ya nyuma. Nilikuwa nimempa mgongo, kichwa kiko katikati ya magoti yake, na kwa kuwa simwoni uso nikaweza kusema. Nikasema yote. Vidole vikasimama kichwani mwangu. Hakulia, hakuapa, hakuniuliza hata swali moja. Akaniondoa magotini, akaingia ndani, akatoka na begi lina magauni mawili na anwani ya rafiki yake wa zamani. "Nenda. Usikanyage hapa huyu akiwa hai." Ndiyo maana nywele zilibaki nusu. Mwanamume niliyemkimbilia ndiye huyo, mwanamke rafiki wa Mama! Nilisafiri nimefunga kitambaa, kila aliyeketi karibu nami akinitazama.

Mimi nilitegemea atakayepewa begi ni mumewe.

Nilimwomba Mama jambo moja pale mlangoni. Nilimwambia: mdogo wangu asilale peke yake hata siku moja. Akaitikia kwa kichwa. Miaka yote hii sikujua kama alifanya au alinipa tu kichwa niondoke upesi. Nimejua juzi, nimesimama kiwandani, ukurasa wa thelathini na nane. Hukudekezwa wewe. Ulikuwa unalindwa, kila siku, na mwanamke aliyemtoa mumewe kitandani akaziba nafasi kwa mwili wake. Hapo ndipo miguu iliponiishia nikakalia rundo lako. Baadaye ndiyo nikakasirika.

Halafu umeandika kiburi. Nije nimzike? Nimshukuru kwa lipi? Mtu alikula, akalala, akaheshimiwa, akafa na watu wakamlilia, na mimi ndiye niliyebaki na jina la malaya wa familia! Na sasa jina hilo limechapwa, wino mzuri mweusi, nakala mia tatu, nishone kwa mkono wangu mwenyewe.

Sishoni.

Mama Sindano


Kliniki
Tarehe 25 Machi

Dada,

Umengoja afe, asiweze kujibu. Hilo ndilo naliona katika barua yako yote.

Sikuamini. Usiniandikie tena.

Nesi


Kliniki
Tarehe 8 Aprili

Dada, shikamoo.

Unaweza kuichana hii usiisome, nitaelewa.

Wiki mbili nimezunguka na barua yako mfukoni mwa gauni la kazi. Wiki iliyopita aliletwa msichana, nikafunga mlango, nikaanza maswali yangu kwa ile sauti ya taratibu. Nikafika la tatu, nikaweka kalamu chini. Nikamwita mwenzangu amalizie. Nikaomba ruhusa, nikarudi nyumbani.

Mama alikuwa anakunja nguo. Nikamuuliza bila kuvua viatu: "Mama, Baba alimgusa Dada?" Akaendelea kukunja. Shati. Shati. Shuka. Halafu akasema bila kuniangalia, "Wewe ulidhani nililala na wewe miaka kumi kwa nini? Nilikuwa naogopa giza?"

Nimempigia kelele, Dada. Sijawahi kumpigia Mama kelele maishani mwangu, na jirani amesikia, na sijali. Kwa nini aliniacha nimpende yule mtu? Kwa nini aliniacha nikae mlangoni nikimchukia mtu asiye na kosa? Amesema, "Ulikuwa mtoto, ulihitaji baba." Nikamwambia, "Na Dada alihitaji nini?" Akachukua shuka akaanza kuikunja upya, na ilikuwa imeshakunjwa.

Picha yake nimeishusha. Sikuivunja, nimeitia nyuma ya kabati. Lakini mgongo wake mimi naukumbuka, ile siku ya homa, joto lake na harufu ya sabuni. Nilimpenda, na mapenzi hayo sijui pa kuyatupa. Hilo ndilo linalonitia wazimu kuliko yote.

Ing'oe sura yangu. Nimeshawaambia wenzangu kwamba kurasa zangu tisa ni za uongo. Muuza mboga amesema yeye yuko tayari kungoja, kangoja makubwa kuliko hayo. Kisha akauliza kama ni kweli umezikalia karatasi zake, akacheka mpaka akashika mbavu.

Nisamehe kwa ile barua fupi. Au usinisamehe kwanza, andika tu.

Mdogo wako


Kiwandani
Tarehe 15 Aprili

Mdogo wangu,

Siing'oi. Kwanza siwezi, mmechapwa karatasi moja na muuza mboga. Pili, kurasa zako si uongo wako. Ni chakula ulicholishwa, na ulikila kwa kijiko ulichopewa. Acha zikae. Watu waone jinsi msichana anavyoweza kulelewa hadi akamchukia mtu asiye na kosa.

Ila zangu zitafuata. Kurasa nane, nusu karatasi, zinaingia kati ya karatasi ya tatu na ya nne. Fundi wa mashine amekubali, na katibu wenu pia. Nimeandika nyuma ya karatasi zilizoharibika, wakati wa chakula cha mchana, siku sita. Siku ya kwanza niliandika mstari mmoja nikavunja penseli mbili. Siku ya tatu mkono ulikuwa unakwenda wenyewe, nikawa nasaga meno hadi msichana wa gundi akaniuliza kama jino linauma. Nikamwambia ndiyo, la siku nyingi, leo linang'olewa.

Nimekuwekea nakala. Utaona ukurasa wa tatu nimeandika kwamba Mama hakujua kitu, kwamba niliondoka bila kumwambia. Usinihoji. Ana miaka sabini, anaishi mtaa uleule, ananunua chumvi duka lilelile. Mimi nimezoea kutazamwa, yeye hajazoea.

Usimsomee. Macho yake yameshachoka kusoma, basi na masikio yapumzike.

Mama Sindano


Kliniki
Tarehe 22 Aprili

Dada, shikamoo.

Nimemsomea.

Umenisuta kwa uongo niliolishwa, kisha unakaa na akili zako timamu unapika wako? Kurasa saba na nusu umenyoosha mambo kama pasi, halafu hapo katikati unakunja. Nilipofika pale nilitaka kuruka. Nikaona hapana, nyumba hii imerukaruka vya kutosha. Nikasoma.

Hapa chini ni maneno yake. Kanilazimisha nimsomee tena kila sentensi kabla hajasema nyingine, na nilipojaribu kulainisha mahali pamoja akanipiga kofi mkononi.

*

Mwanangu wa kwanza,

Kalamu ni ya mdogo wako, maneno ni yangu.

Umeandika kwamba mama hakujua. Nani kakuomba unifichie? Nilijua. Na si siku ile kwenye ngazi. Nilijua mwezi mzima kabla. Ulianza kuvaa sketi mbili ndani ya nyumba, moja juu ya nyingine, wakati wa joto lile ambalo hata kuku walikuwa wanalala chali. Nilikuona. Nikakuuliza, "Una baridi?" Ukaniambia ndiyo. Nikakuletea sweta.

Hivyo ndivyo nilivyofanya. Nilikuletea sweta.

Mwezi mzima nilikuwa nahesabu. Nina mume, nina nyumba yake, nina watoto wawili, nani kati yenu anaweza kutembea peke yake? Wewe ulikuwa unaweza. Uliponiambia pale kwenye ngazi, hesabu yangu ilikuwa imeshaisha, ndiyo maana sikukuuliza swali. Begi lilikuwa limefungwa siku nne, chini ya kitanda changu. Sijitetei. Ningejitetea ningekubali hilo uliloandika, maana ni zuri, linanifaa.

Futa hapo. Nimekaa na yule mtu mpaka kifo chake, nimempikia, nimemuuguza, na kila siku nilikuwa mwanamke anayejua. Usiniondolee hilo ukanifanya mjinga. Haya yangu nayo yatie humo kitabuni.

Mama yenu

*

Alipomaliza aliomba maji. Tangu hapo tunapishana tu jikoni.

Mdogo wako


Kiwandani
Tarehe 29 Aprili

Mdogo wangu,

Barua ya Mama niliisomea kwenye stoo ya gundi. Nilipofika kwenye sketi nikatoka nje nikaupiga teke mlango wa bati mara tatu, msimamizi akaja mbio akidhani mashine imelipuka. Nikamwambia mgongo. Ameacha kuuamini mgongo wangu.

Mwezi mzima! Unajua mimi nimebeba nini miaka hii yote? Si yule mzee, yule nilimzika kabla hajafa. Nimebeba kuchelewa kwangu. Kila nilipoinama kushona nilikuwa najiambia: ungesema wiki ya kwanza, Mama angekutoa wiki ya kwanza, yote yaliyofuata yasingekupata. Nimejihukumu kwa hilo tangu nina miaka kumi na saba. Kumbe nilikuwa namficha mtu jambo analolijua. Kumbe begi lilikuwa chini ya kitanda na mimi bado naingia chumba kile!

Hasira ya namna hii haijawahi kunishika, na sijawahi kujisikia mwepesi hivi. Sielewi, na usimwombe yule mshauri wenu anieleze.

Nimefuta. Sasa pameandikwa: "Mama alijua, mwezi mzima kabla sijamwambia." Fundi wa mashine alipasoma, akaondoka akaosha mikono, akarudi akachapa. Rundo lako nimelinyanyukia. Vitabu vyote mia tatu nimevishona mwenyewe, sikumwachia mtu hata kimoja. Zako, za muuza mboga, kisha zangu.

Barua yake sikuitia. Kitabu si mahali pa kuniachia mimi ujumbe. Akitaka kuingia humo, Jumamosi mlango uko wazi, aje akae kwenye benchi kama wenzake, aseme wewe uandike. Na aanze na maisha yake, siyo yangu. Ana mengi, yule mwanamke. Hakuna aliyewahi kumuuliza, na mimi pia sijamuuliza.

Sijamsamehe. Mtu asikudanganye kwamba nikishaandika nimeshasamehe, hizo ni kazi mbili tofauti na mimi nimefanya moja. Nitakuja siku ya kitabu. Nitakaa upande wa mlango. Nikimsalimia nimemsalimia.

Ila liko swali moja aliloniuliza, nami nikamjibu ovyo kwa sababu niliogopa. Leo naweza kulijibu. Mketishe chini, umshike mkono ukiweza, umsomee hapa polepole:

Hapana, Mama. Sikuwa na baridi.

Dada yako